Manguu, Neno Ambalo Rhona Hakulisema

Nilifundisha darasa moja na Rhona miaka tisa, kwenye shule ndogo ya sisi Wamartu, wenyeji wa asili wa jangwa la magharibi mwa Australia. Habari hii alinisimulia mwenyewe, vipande vipande, tukisahihisha madaftari.

Mama yake mkubwa nitamwita Dulcie. Jina lake halisi hatulitaji tena, kwa kuwa amefariki, na kwetu marehemu hatajwi jina. Rhona alipokuwa na miaka ishirini na miwili, Dulcie alichoma nyasi za miiba upande wa mashariki ili achimbue kenge wa kula, kama alivyofanya kila msimu wa baridi. Moshi ukaonekana mbali. Wiki iliyofuata akaja bwana mmoja wa serikali kuuliza nani kawasha moto, na kwa nini. Rhona, aliyejua Kiingereza kuwashinda wote pale, akawekwa kuwa mkalimani.

Dulcie hakuficha kitu. Moto wenyewe kwetu ni waru, lakini ardhi iliyopitiwa na moto ina majina yake. Ikishaungua tu, ni nyurnma. Machipukizi yakitokeza, waru-waru. Mimea ikizaa matunda na mbegu, nyukura. Nyasi zikikomaa hadi moto uweze kutembea juu yake, manguu. Zikiachwa zizeeke ni kunarka, na hapo moto haumsikilizi mtu. Dulcie alieleza kwamba mashariki palikuwa manguu, na kupaacha hivyo ni sawa na kumtelekeza ndugu.

Rhona akatafuta Kiingereza cha manguu, asikipate. Mgeni alikuwa akitazama saa yake. Binti akaona haya kuonekana hajui.

"Anasema alikuwa anatafuta kenge," akatafsiri.

Bwana akaandika hayo hayo. Baada ya mwezi ikaja barua: ni marufuku kuwasha moto mashariki.

"Ulimwambia nilivyosema?" Dulcie akauliza.

"Nilimwambia, mama."

Miaka saba nyasi zikazeeka. Kila walipopita huko kwa gari, Rhona aligeuzia uso dirisha la upande wa pili. Kisha Desemba moja radi ikapiga. Moto ulikwenda siku tatu, ukala miti mikubwa ya kisimani, pale Dulcie alipozaliwa.

Wakaenda wawili kuangalia. Hapakuwa hata na ndege. Dulcie akakaa chini, akawa anachokonoa majivu kwa fimbo yake ya chuma.

"Mama, yule bwana sikumwambia yote," Rhona akasema. "Manguu sikuitafsiri. Nilisema kenge tu."

"Najua."

"Umejuaje?"

"Mimi niliongea mpaka chai ikapoa. Wewe ukasema vineno vinne. Hata mbwa wangu alijua."

"Mbona hukunigombeza?"

"Ulikuwa unatetemeka, mwanangu. Nikasema, atarudi mwenyewe kwa wale wa serikali akaseme. Nikangoja. Sikujua wewe ni mzito hivi."

Rhona aliniambia angepigwa na ile fimbo ingekuwa nafuu.

Mwezi huo huo akaomba kikao na watu wa serikali mjini. Safari hii hakutafuta neno la mkato. Alichora duara tano kwenye karatasi, akazieleza moja moja kwa saa mbili, na alipofika ya nne, ya manguu, akasema wazi kwamba kosa la ile taarifa ya zamani lilikuwa lake. Mmoja wao akamwambia asijilaumu, alikuwa bado mdogo. Yeye akaendelea na duara ya tano.

Ruhusa ya kuchoma mashariki ilichukua miaka miwili. Ilipofika, Dulcie alikuwa amehamishiwa mjini kusafishwa damu kwa ugonjwa wa figo, na huko ndiko alikofia, mamia ya kilomita kutoka kisima chake.

Rhona akawasha moto bila yeye, kwenye kipande kilichonusurika. Alichimbua kenge wawili wanene, akawaoka kwenye majivu, akawagawia wanawake wote waliokuja. Mimi nilipewa mkia. Yeye alikaa pembeni akipangusa mikono kwa mchanga, wala hakuonja.