Kiti cha Mke wa Jambazi

Mwanamkuu wa Makunduchi hajui Kijapani hata cha kuombea maji, lakini katika chumba cha wanawake wanne wa kazi za mkataba ughaibuni, pale Al Sadd, yeye ndiye mtafsiri. Simu huegemezwa kwenye kopo la maziwa, sauti huzimwa, naye husema badala ya wote, kama wale watafsiri wa filamu wa nyumbani. Wanayoipenda ni ya majambazi wa Kijapani na wake zao.

Na wake hao, jamani, utadhani wote ni mtu mmoja! Vazi la kimono limenyooka, mgongo umechorwa joka, kazi kupiga magoti, kumimina pombe na kungoja bwana atoke jela. Bwana akishauawa, ndipo mama anapofungua mdomo. Anakalia kiti cha bosi, wanaume hamsini wanainama. Hapo Mwanamkuu husimama kitandani na kunguruma: "Atakayenipinga ajitokeze!" Wenzake hushangilia.

Wiki ile, hoteli ya West Bay anakokunja mashuka ilimpa barua ya kuwa msimamizi wa madobi. Jibu lilitakiwa Alhamisi. Haji, mumewe, alipoarifiwa, akatuma ujumbe wa sauti kutoka Unguja: mkataba ukiisha arudi, mke wake hatakuwa wa kuamrisha wanaume wa watu. Simba jike wetu akajibu, "Sawa, bwana," kwa kisauti cha paka aliyenyeshewa. Barua ikalala chini ya godoro.

Jumatano jioni filamu ikafika palepale, bosi kifua damu tupu. Loice, mwenzake wa chumba, mlinzi kutoka Kenya, akakohoa.

"Dada, kwani lazima bwana akufe ndio huyu apewe kiti?"

"Ndiyo desturi yao."

"Na Haji ako aje?"

"Mzima wa afya."

"Basi utangoja sana."

Chumba kizima kikacheka. Mwanamkuu hakucheka. Yalimchoma, na hasira zake zilikuwa juu yake mwenyewe.

Akairudisha filamu nyuma, mume angali hai, mke anamimina.

"Anasema nini?" akauliza Loice.

"Anasema, bwana, sogea kidogo. Magoti yananiuma."

Kwenye kioo cha simu mke alikuwa bado ameinamisha kichwa. Mara simu ikaita, jina la Haji likafunika uso wa bosi. Mwanamkuu akapokea, akasimama kitandani.

"Haji, kesho natia saini ile barua."

"Umesemaje?"

Akarudia polepole, neno kwa neno, kama anayemtafsiria mgeni.