Mwezi wa Siku Thelathini na Sita

Mdogo wangu ana miaka thelathini na minne, hajaweza kuezeka upya choo cha mama, lakini ameumba dunia. Ina wafalme, ina majoka yanayosema, ina miezi miwili angani. Na watu wa huko, kana kwamba kalenda zetu zina upungufu, wana kalenda yao. Wiki ina siku tisa. Mwezi una siku thelathini na sita, mwaka una miezi kumi, halafu mwishoni zinabaki siku tano zisizo na mwenyewe, ambazo ni mwiko mtu kufanya kazi. Nilimwambia hizo tano ndizo pekee alizozitunga kwa kujijua.

Anaishi na mama pale Kilosa, anatoa fotokopi na kuchapa barua za watu. Mimi nashona nguo Mikumi, na kila nikienda kuwasalimu nakuta dunia imeongezeka. Safari moja, ilikuwa tarehe mosi, nikamkuta amechapa mwezi wa kwanza wa huko, karatasi kubwa ya kung'aa, vyumba vipana vya siku, na joka limejikunja juu kama mpira wa maji wa bustani. Ameuita Mwezi wa Majivu. Anazo picha za simu za wenzake wa mtandaoni wakimpongeza. Watu wazima, jamani, na ndevu zao.

Nikaichukua, nikaitundika sebuleni, msumari uleule wa kalenda ya duka la mbegu, juu yake kabisa. Nilitaka kila mgeni akiingia aone kaka yetu msomi anashughulika na nini. Yeye aliona haya. Akaniomba, "Dada, itoe, siyo ya kuweka hapa." Nikamwambia ikae, watu waone. Nilicheka njia nzima mpaka Mikumi.

Sasa, mama yangu ana miezi miwili. Wa dini anautazama angani, ukiandama anaujua kuliko sisi wote. Wa serikali anautazama ukutani. Herufi hizi za shule hazisomi, ila kila baada ya magharibi anachukua kipande cha mkaa anapiga alama kwenye chumba kimoja, na vyumba vikiisha, mwezi wa serikali umekwisha. Mambo ya serikali yote anayahesabu hivyo, tangu kliniki zetu za utotoni, na hajawahi kukosea.

Mwezi ule lilikuwepo jambo moja tu la serikali. Jicho lake la kushoto lilishazimika zamani, na la kulia mtoto wa jicho alikuwa ameanza kulifunga. Muuguzi alimwambia madaktari wa macho watakuja hospitali siku moja tu, siku ya mwisho wa mwezi, hawarudi tena mpaka mwakani. Mama akanipigia mimi tu kunieleza. Akasema ikibaki siku moja atanijulisha nije nimpeleke. Nikasema sawa mama. Nilikuwa na sare za kwaya za kushona, nikamwachia yeye kuhesabu.

Akapiga alama zake kila jioni. Mdogo wangu alimwona, mpumbavu yule, akafurahi. Alidhani hatimaye amepata mtu nyumbani wa kuipenda dunia yake.

Simu ikaja jioni. "Mwanangu, kesho ndiyo mwisho wa mwezi." Ilikuwa tarehe tano ya mwezi uliofuata. Nilikaa na ile simu mkononi, mkasi umeanguka sijui saa ngapi.

Kesho yake nilifika Kilosa nimefura. Hata shikamoo ya mdogo wangu sikuiitikia. Nilimwita kila jina, nikamwambia amempofusha mama kwa upuuzi wa majoka, nikaing'oa ile karatasi na msumari wake. Chini yake kalenda ya duka la mbegu ilikuwa safi, haina hata alama moja.  Nyani haoni kundule, na nyani siku hiyo hakuwa mdogo wangu.

Mama alikuwa chini kwenye mkeka, ungo mapajani, anachagua mchele kwa kupapasa. Nikamuuliza, kwa ukali ambao hakustahili, hakushangaa mwezi gani huu una siku nyingi hivyo?

"Nilishangaa," akasema. "Ila vyumba vilikuwa vikubwa, nilikuwa naviona."

Nikaanza tena na mdogo wangu. Mama akanyoosha mkono hewani, upande ambao siko.

"Mwache mwenzio. Angeitundika yeye nisingeigusa, namjua na michezo yake. Uliitundika wewe."

Akarudi kwenye ungo. Mchana tulikula wali ule, sote watatu. Nikatafuna jiwe. Nililimeza.