Kisu cha Bibi Irmgard

Babu yangu Volkmar ameandika vichekesho vya televisheni hapa Köln tangu mama yangu hajazaliwa. Mtaani hawamjui. Wanamjua mchekeshaji wa koti la njano, anayesema maneno ya Babu kila Jumamosi. Zamani nilidhani mtu wa kazi hiyo lazima awe mcheshi, lakini Babu hula supu yake ya dengu kama katoka mazikoni.

Kila kichekesho alimsomea kwanza Bibi Irmgard jikoni, Bibi akimenya viazi. Kisu kikisimama, kichekesho kinakwenda studio. Kisiposimama, karatasi inakwenda kwenye pipa. Bibi alicheka kwa nadra, kicheko cha puani kinachoishia kwenye kikohozi.

Alipofariki mwaka jana, vichekesho vya Babu vikapwaya. Mwezi Novemba mkuu wa kipindi, Bi Thelen, akampa nafasi ya mwisho: igizo moja la kanivali. Likidoda, kazi anapewa mwingine.

Babu akaniwekea viazi mezani.

"Menya, Jette. Usinitazame."

"Likichekesha nicheke?"

"Wewe menya tu."

Akasoma habari ya mwenye nyumba aliyekwama kwenye lifti na mtalaka wake. Nilimenya mpaka sufuria ikajaa.

"Hakikusimama," akasema.

"Labda ni butu, Babu."

"Hicho ndicho kichekesho pekee cha leo."

Aliliandika upya mara kadhaa, kisu changu kikaendelea vilevile. Siku ya kurekodi ikafika, akalipeleka hivyo hivyo.

Studio tulikaa nyuma. Watu walimtazama yule wa koti la njano ndani ya lifti ya mbao kama wanasubiri treni. Mtu alifungua peremende, ukumbi mzima tukasikia.

Bi Thelen akamgusa Babu begani. "Usijali, Bwana Kessenich. Tutalirekebisha."

Jumamosi tukawasha televisheni, Babu akinywa supu yake. Watu wakacheka sana.

"Mbona kule walinyamaza?" nikauliza.

"Wana vicheko vya zamani kwenye kanda. Wanavibandika."

Ndipo kikapita kicheko cha puani, kikaishia kwenye kikohozi. Babu akaweka kijiko chini. Miaka ile Bibi alikuwa hakosi siku ya kurekodi hata moja, na alikaa mstari wa mbele.

"Ni Bibi?"

"Ndiye."

Nilidhani angalau atafurahi kumsikia.

"Hiki asingekicheka," akasema. "Wamemlazimisha."

Jumatatu Bi Thelen akapiga simu, sauti yake naisikia mpaka nilipokaa. Igizo limependwa, aandike jingine.

"Siandiki tena," Babu akamwambia. "Ila naomba mumtoe mke wangu kwenye kanda yenu."

"Mke gani, Bwana Kessenich?"

Babu akakata simu. Akaenda jikoni, akakaa kwenye kiti cha Bibi na kuanza kumenya viazi. Nikasimama mlangoni nikamsimulia kituko cha mwalimu wetu wa hesabu, kile kilicholiangusha darasa zima kwa vicheko.

Kisu hakikusimama.