Pindo la Vidole Vinne

Wifi yangu alianza kushona akiwa darasa la tano, kwa sababu mama yake aliingiwa na ukungu wa macho na hapakuwa na mtu mwingine wa kumtilia uzi kwenye sindano. Baada ya kutia uzi akajaribu mguu kwenye kanyagio, na ni kama hakuinuka tena pale kwa miaka arobaini. Ni dada wa marehemu mume wangu. Nilipoolewa nilimkuta chumba cha mbele, cherehani imeelekea dirishani, chaki sikioni. Alinitazama kutoka mabegani hadi miguuni, akasema, "Wifi, una bega moja limeshuka. Usijali, nitakuwekea pamba." Ndivyo alivyonikaribisha. Tangu siku hiyo nikawa mtu wa vifungo, tundu za vifungo na pasi.

Watu walimwita Mama Pindo. Kazi yake kubwa ilikuwa sare za shule, na kila suruali au sketi aliyoshona aliiachia pindo la vidole vinne kwa ndani, na kwenye mikono ya shati vidole viwili, akalishikiza kwa mshono mrefu ulio mwepesi kufumua. Mtoto akirefuka, mama yake anafumua, anapiga pasi, anamrudisha darasani. Suruali moja ilikwenda miaka mitatu. Mafundi wenzake walimcheka kwamba anajikata miguu mwenyewe, kwani nani atarudi kununua nyingine? Mmoja alimuuliza kama pindo lake lingemfikisha mtoto mpaka siku ya harusi. Akamjibu kwamba likibaki, watamshonea leso bwana harusi. Wala hakuwa anapima pindo hilo. Mkono wake uliliacha wenyewe, kama mtu anavyoacha nafasi ya mgeni kwenye mkeka bila kuambiwa.

Vita vilipoingia mwaka wa sita, tulikuwa tumevizoea. Mungu anisamehe kwa neno hilo, lakini ndivyo ilivyokuwa. Milio ilisikika ng'ambo ya mto, sisi tunaendelea kuchambua mchele. Nilikuwa nasali kila alfajiri nikiomba amani, na siku moja niligundua kwamba naomba kitu ambacho siwezi hata kukipiga picha kichwani. Nilimwambia wifi. Akasema hata yeye haoni kitu, anaona tu kitambaa cheupe. Shule ilikuwa imefungwa, sare hazitakiwi, na sisi tulikuwa tunaishi kwa viraka.

Hapo ndipo alipokuja Bwana Mkoba. Jina hilo tulimpa sisi, kwa sababu ya mkoba wa ngozi ambao hakuuweka chini hata alipopewa maji ya kunywa. Alikuwa mtu mpole, viatu safi, akimwita wifi mama na mimi shangazi. Alileta jora la kitambaa cha kijani kilichofifia na karatasi yenye vipimo vya watoto kumi na moja, kwa namba bila majina. Akaeleza kwamba mazungumzo ya amani yamefika mwisho, hata redioni tumesikia, na siku ya kutia saini itapita bendi ya watoto mbele ya wageni. Hizo ndizo sare za bendi.

Sijapata kumwona wifi akishona vile. Mguu wake kwenye kanyagio ulikuwa kama wa msichana. Kwa mara ya kwanza, alisema, ile amani anaiona. Akanisimulia huku anashona: watoto wanapita barabara yetu hii, wamepishana hatua, mmoja anapuliza wakati si wake, mwenye ngoma amechoka anataka kwenda haja, na mama zao wanakimbia pembeni wakiwarekebisha kola. Tukacheka. Nami nikaiona. Nikaenda kupiga pasi naimba wimbo wa ibada.

Nilimuuliza mbona mtu wa bendi awekewe mifuko mikubwa kwenye mapaja. Akasema labda ya filimbi. Na vishikio vya mkanda mpana namna ile? Labda ya kuning'iniza ngoma. Ukipenda jambo, unalitafutia majibu mwenyewe.

Siku ya nane Bwana Mkoba akarudi, saa nne asubuhi. Nguo kumi zilikuwa tayari zimekunjwa mezani. Akafunua suruali moja, akaigeuza ndani nje, akaona pindo. Akafunua ya pili. Hakukasirika. Aliongea kama mtu anayemwelekeza mpishi apunguze chumvi.

"Mama, hapa umenipotezea kitambaa. Kwa hivi vya ndani vyote ungepata nguo nyingine mbili."

Wifi akaeleza, tena kwa tabasamu, kwamba hiyo ni nafasi ya kukua, na kwamba mwaka kesho watamshukuru.

"Hiyo waachie wanafunzi," akasema. "Kata. Hawa hawafiki huko."

Akakunja suruali ile vizuri, akairudisha juu ya nyingine, akasema Ijumaa atafuata zote kumi na moja, akatuaga kwa adabu.

Pasi ilikuwa mkononi mwangu. Niliiacha juu ya kola mpaka nikasikia harufu, na hata baada ya kuisikia sikuiondoa. Wifi alikuwa bado amesimama na tabasamu lile lile. Lilikuwa limebaki usoni peke yake, kama nguo iliyosahauliwa kambani. Sisi si watoto wadogo. Tulishasikia kwamba watoto wanachukuliwa ng'ambo ya mto na kupewa silaha. Lakini ni jambo moja kusikia, na ni jambo lingine kuwa umewashonea magwanda kwa mikono yako, ukiimba.

Akaketi, akavuta ile karatasi. Alikuwa amekata vitambaa kutoka namba moja hadi kumi bila kuwaza. Namba kumi na moja alikuwa hajaigusa. Akaisoma kwa kidole, kidole kikasimama.

"Wifi," akasema. "Mkono wa kulia inchi ishirini. Wa kushoto kumi na nane. Huyu ni Kiwiko."

Kiwiko ni mtoto wa muuza mkaa wa nyumba ya nne kutoka kwetu. Alianguka akiwa na miaka mitano, mkono ukaungwa vibaya, ukabaki mfupi, na watoto wenzake wakampa jina hilo, mwenyewe akalipenda. Wifi alimshonea mashati tangu chekechea, mkono mmoja mfupi. Wiki tatu nyuma mama yake alikuwa ametutangazia mtaa mzima kwamba amepata mfadhili wa kumpeleka mwanawe shule ya ufundi ya bweni. Alikuwa ameniomba nimshukuru Mungu pamoja naye, nami nikashukuru.

Tulikwenda kwake muda ule ule. Mwanzoni alitufukuza. Alisema tuna wivu, kwamba mmoja wetu hakuzaa na mwingine wanawe wamemtoroka, sasa tunataka kumharibia wa kwake. Maneno yalikuwa makali na yalikuwa ya kweli. Wifi akamwekea karatasi mapajani, akamwonyesha mstari. Muuza mkaa hajui kusoma sana, lakini ishirini na kumi na nane anazijua. Akaomba maji. Nikampa. Akashika kikombe mpaka tulipoondoka, hakunywa.

Kumpata mtoto yule kabla ya Ijumaa, hilo tu ndilo lililotushughulisha. Askari wa kumwendea hatukuwa nao, maana hatukujua askari yupi ni wa nani. Wifi akatumia alichokuwa nacho, yaani ufundi wake. Alimpelekea Bwana Mkoba ujumbe kwamba namba kumi na moja ina mikono isiyolingana, kwamba hawezi kukata bila kumvalisha mwenyewe mwenye mwili, na kitambaa kikiharibika asimlaumu. Jibu likaja kwamba ataletwa Alhamisi adhuhuri. Kisha mimi nikapita nyumba kwa nyumba, kwa kila mwanamke ambaye mwanawe amewahi kuvaa pindo la wifi, nikiwaambia waje saa hiyo hiyo na nguo yoyote iliyochanika.

Walikuja zaidi ya thelathini. Walijaa chumba, wakajaa barazani, wakakaa kwenye ngazi na chini kwenye vumbi, kila mmoja na kitambaa mapajani. Mkunga wetu mzee alileta gunia tupu, akasema ndilo gauni alilobaki nalo. Muuza mkaa tulimficha nyuma ya pazia.

Mtoto aliingia mbele ya Bwana Mkoba. Alikuwa amekonda, nywele zimenyolewa, na alinitazama kama mtu anayetazama ukuta. Wifi akavuta futi yake shingoni, akamwambia kwa sauti ile ile ya miaka yote, "Haya baba, inua mikono nikupime."

Kiwiko akageuka akaelekea ukutani, akapiga magoti, akaweka mikono yote miwili nyuma ya kichwa, akainamisha uso.

Wanawake thelathini, na nilisikia inzi dirishani. Miaka sita nimesikia habari za waliokufa, na nyingine nilizisikiliza huku nakula, lakini magoti yale yalipogusa sakafu yetu ya simenti, na tena haraka, bila kuuliza, kitu fulani ndani yangu kilikaa chini na hakijasimama mpaka leo.

Wifi akapiga magoti naye. Akamshika mikono, akaishusha taratibu, akaitandaza pembeni. "Sivyo, mwanangu. Kama zamani. Hivi." Akaanza kupima. Alipima kifua, akapima tena. Alipima mkono mfupi mara tatu. Wakati huo muuza mkaa akatoka nyuma ya pazia, hakupiga kelele, akamshika mwanawe kiganja.

Bwana Mkoba akasema imetosha, waondoke. Hakuna aliyemzuia. Ila hakuna aliyenyanyuka pia, na mlango ulikuwa umejaa magoti na vitambaa. Akarudia. Mkunga akamjibu kwamba asubiri zamu yake, wenzake wamefika mapema. Akaingiza mkono ndani ya mkoba. Sote tulijua mle hakuna karatasi.

"Huyu nilimpokea mimi," mkunga akasema, bila kuinua macho kwenye gunia lake. "Sikukuona siku hiyo, baba. Labda ulisimama nje."

Mwanamke mmoja akacheka, kwa woga, na wengine wakashindwa kujizuia. Nilidhani kicheko kile kitatuua. Nje watu wa barabarani walikuwa wameanza kusimama kutazama. Bwana Mkoba akawahesabu kwa macho, akatoa mkono mtupu, akawavuka wanawake mmoja mmoja akisema samahani, samahani. Mlangoni akamwambia wifi kwamba nguo kumi atazifuata kesho kama walivyopatana. Kabla jua halijashuka, Kiwiko na mama yake walikuwa juu ya lori la magunia, kwenda mbali.

Usiku kucha hatukufanya lingine ila kufumua. Zile kumi tulizirudisha vipande. Tulisema, bila magwanda watoto hawawezi kupelekwa. Tuliamini hivyo kabisa, wanawake wazima wawili, kwamba vita vinangoja nguo.

Bwana Mkoba alikuja na vijana wanne. Alivitazama vipande, akatikisa kichwa kama mwalimu. Wakachukua cherehani, mkasi na pasi. Mmoja akamsukuma wifi akaanguka juu ya meza, akavunjika kifundo cha mkono wa kulia, ule wa kukatia. Wale watoto kumi walivushwa mto Jumapili. Waliowaona walisema walikuwa na fulana zao za nyumbani, na mmoja amevaa kandambili.

Nilitegemea wifi atalia. Hakulia. Wiki ya pili alifunga mkono kwa kitambaa, akaniambia nivae. Mjini kulikuwa na ofisi ya watu wanaotafuta watoto waliopotea, na foleni ilianzia barabarani. Tulipofika mezani, karani, binti mwenye macho ya kukosa usingizi, akafungua daftari akauliza jina la mtoto. Wifi akasema hana. Jina la mzazi? Hana. Kijiji? Hajui. Karani akaweka kalamu chini, si kwa ubaya, akasema, "Mama, hapa tunatafuta kwa majina. Nitamtafutaje mtu asiye na jina?"

Wifi akatoa ile karatasi kifuani, akainyoosha kwa mkono wa kushoto.

"Andika kifua inchi ishirini na sita," akasema. "Kiuno ishirini na mbili. Bega moja limepanda kidogo, nadhani hubeba maji upande huo. Wa pili, kifua ishirini na saba, lakini miguu mirefu, huyu atakuwa mrefu sana. Wa tatu ni mdogo. Wa tatu andika vizuri."

Nyuma yetu watu walianza kunung'unika kwamba tunachelewesha. Kisha karani akachukua kalamu, akapiga mstari, akauliza wa tatu kiuno chake ni ngapi.

Tulipokuwa tunarudi nilimuuliza kama bado anaiona ile bendi. Akasema hapana, ile alipewa na mwongo. Sasa anaona kitu kidogo tu: mtoto amesimama mbele yake amenuna, analalamika kwamba suruali imembana na wenzake wanamcheka. Akasema hilo ndilo analoliomba, na mimi siku hizi naliomba hilo hilo, kwa maneno hayo hayo.

Tumekwenda ofisini pale kila mwezi, mwaka wa pili huu. Wamepatikana watatu kati ya kumi, na wote watatu walitambuliwa kwa vipimo vyake. Wawili walikuwa hai.