Rangi za Bi Mongia

Macho ya Rafika yalikuwa yakimwasha tangu asubuhi. Kazi yake pale dukani Sfax ni kufufua michezo ya zamani ya kompyuta, ile ambayo kwenye mashine mpya picha zake huvurugika, na leo ilikuwa siku ya tatu ya mchezo uleule wa tufe za rangi. Juzi tufe zote zilitoka za zambarau na kijani, mithili ya mkate ulioota ukungu. Akaweka faili dogo la kuudanganya mchezo kwamba uko kwenye mashine ya enzi zake, rangi zikakaa sawa. Leo mteja wake, Ami Lamjed, kairudisha kompyuta.

"Bi Mongia kasema sio mchezo wenyewe," alisema mzee, akijibwaga kitini. Mkewe huyo kumbukumbu zilimtoka, na kilichobaki cha kumtuliza ni mchezo huo tu. Tangu mwana wao awaletee kompyuta mpya, mke halali, wala mumewe halali.

"Ami, rangi ziko sahihi. Nimezilinganisha moja moja na picha za kwenye kasha."

"Kamwambie yeye, binti yangu. Mimi ananiita mwizi."

Rafika alikasirika, hasira ya mtu aliyechoka. "Ile ya zamani iko wapi?"

"Mwanangu kaitupa. Umebaki waya wa skrini, nimefungia gunia la zeituni."

"Nenda kaulete."

Rafika alipouchomeka kwenye skrini yake kuukuu, palipokuwa peupe pakawa manjano, na tufe za buluu zikawa nyeusi. Kipini kimoja cha waya, kile cha kupitisha buluu, kilikuwa kimekatika, tena kitambo.

"Ami, miaka yote hiyo hukuona?"

"Nilidhani ndivyo ulivyo."

Ukipenda chongo huita kengeza. Rafika akafungua mipangilio ya kompyuta mpya, akaiondoa buluu yote. Kuharibu kwa mkono wake kazi ya siku tatu kulimuuma.

Kesho yake mzee alirudi mikono mitupu.

"Kacheza?"

"Kacheza mpaka adhuhuri. Halafu kanitazama, akaniuliza, 'Lamjed, mbona umezeeka hivyo?'"

Akaketi kusubiri kahawa. Kabla haijachemka alikuwa amelala, kidevu kifuani, na Rafika akaenda kupunguza sauti ya redio.