Niliiombea timu ya Wamarekani ishinde, sasa mume wangu harudi

Admin naomba unifiche jina, na picha ya mwanangu usiiweke. Mjomba wangu hana simu kubwa ila wanawe wanakusoma kila siku.

Mimi ni binti wa miaka 22, mzaliwa wa Kilosa, nimeishia darasa la saba. Nina mtoto wa kike wa mwaka na miezi miwili, hapa nitamwita Zai. Naishi Mikumi, nimepanga chumba kimoja, asubuhi nauza uji na chapati pale malori yanapoegesha. Nimeolewa ndoa halali, watu walikula pilau wakashiba.

Mume wangu alikuwa mhudumu kwenye hoteli ya watalii hapa hapa Mikumi. Mimba ikiwa na miezi saba, ile bahati nasibu ya kwenda kuishi Marekani ikajibu. Fomu alijaza kabla hatujaoana ikiwa na jina lake tu, na pesa ya viza na nauli ikatosha ya mtu mmoja. Siku anapanda basi, Zai hajazaliwa, alilia kuliko mimi.

Kule akapata kibarua kwenye uwanja wa mpira. Si mpira wetu huu, ni ule wao wa kukumbatia, wanavaa kofia ngumu kama za bodaboda na wanagongana kama mbuzi dume. Yeye anafuta viti na kuokota takataka. Timu ya mji ule inacheza nyumbani mara chache tu kwa msimu, zingine inasafiri. Ikisafiri yeye yuko ghalani anabeba maboksi, simu hashiki. Basi mimi nikawa naishi kwa mechi za nyumbani. Siku hiyo ananipigia video kabla mageti hayajafunguliwa, kwao asubuhi, kwetu jioni. Namwogesha Zai, namvika gauni, tunakaa kizingitini ambako mtandao unashika. Nyuma ya baba yake ni viti vitupu mpaka macho yanachoka. Mwanangu anamjua baba yake akiwa na viti tu.

Ratiba niliiandika kwa mkaa nyuma ya mlango. Mechi tisa, ikipita moja nachora mstari. Mpangaji mwenzangu ananicheka, "Mama Zai, wenzio wana waume, wewe una ratiba!" Nacheka naye, nikiingia ndani nalia.

Aliniahidi mechi ya mwisho ya nyumbani ikiisha tu anakata tiketi, anakaa nasi mwezi mzima. Ahadi hiyo niliipeleka Kilosa kwa mjomba mwenyewe. Kwetu mtoto ni wa ukoo wa mama na mjomba ndiye mwenye kauli, na mjomba hajawahi kumpenda mkwe huyu.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Mumeo yuko wapi?"

"Anakuja mjomba, mechi zikiisha."

"Mechi!" Akamgeukia mama yangu. "Dada umesikia? Sisi tumelima mashamba ya wakwe mpaka migongo ikapinda. Huyu hata njia ya shambani kwangu haijui." Kisha akaniambia, "Haya, mechi zake ziishe. Ijumaa ya mwisho kabla ya mfungo naita kikao na shehe. Akiwepo, nitamuomba radhi mbele za watu. Asipokuwepo, ndoa hiyo tunaivunja, unarudi nyumbani na mtoto."

Nikakubali. Nilikubali kwa mdomo wangu mwenyewe, kwa sababu nilihesabu mechi nikaona muda unatosha na unabaki.

Sasa kosa langu ni hili. Mume wangu aliwahi kuniambia timu ikifungwa ovyo watu hawaji uwanjani na vibarua wanapunguzwa. Nikaogopa. Kila baada ya swala nikawa nainua mikono naiombea ile timu ishinde, watu wenyewe simjui hata mmoja. Na ikashinda. Ikashinda, ikashinda tena. Mechi ya tisa nikachora mstari, nikafua mapazia, nikanunua kitenge kipya.

Kesho yake akapiga, uso umemshuka.

"Mama Zai, tumeshinda."

"Alhamdulillahi. Unakuja lini?"

"Hujanielewa. Timu ikifanya vizuri inaongezewa mechi za mtoano. Na sisi tumepangiwa nyumbani."

"Si umwambie bosi wako?"

"Nimemwambia. Anasema anayeondoka sasa asirudi. Nikimaliza mpaka mwisho ananipa kazi ya kudumu, na hiyo ndiyo itanisaidia kuwaita nyie."

"Na mkifungwa?"

"Tukifungwa Jumapili, Jumatatu niko njiani. Tukishinda, tunacheza tena hapa hapa Jumapili inayofuata."

Ndugu zangu, kikao ni Ijumaa ya katikati hapo. Nilimpigia mjomba nikamuomba mume wangu aongee kwa simu mbele ya wazee. Akanijibu, "Simu haikai kwenye mkeka, mpwa wangu." Akakata. Mama ananiambia nijifanye naumwa nisiende, lakini nisipokwenda mjomba atasema nimedharau ukoo, na huyo ndiye aliyenilea.

Wengine mtaandika kwamba ana mwanamke kule. Labda. Moyo wangu haujaniambia hivyo, na hajawahi kunikosea neno.

Kesho ndiyo Jumapili. Jana nimekaa kwenye mswala nikashindwa hata kuinua mikono, naona aibu kuwaombea watu wafungwe baada ya kuwaombea ushindi miezi yote. Kingine, nikimwambia aache kazi aje, atakuja, namjua. Ndoa itapona, ila ile njia ya sisi kuishi pamoja imekufa. Nikimwambia abaki na timu ikashinda, Ijumaa nitakuwa mwanamke aliyeachishwa mume anayempenda.

Msinitukane jamani, nimechoka. Aliyewahi kumlainisha mjomba mgumu aniambie alianzia wapi. Kesho jioni mume wangu atapiga, nataka nikipokea niwe na neno moja la kumwambia. Njoo, au baki. Mngekuwa mimi, mngesema lipi?