Gari Tulilolinunua Dongobesh

Nilitoka nyumbani Gendabi kwenda Dongobesh kwa sababu ya miguu ya mama. Ilianza kuvimba wakati wa kupanda mahindi, na daktari akataka ahudhurie hospitali kila baada ya wiki mbili. Tulikuwa tunampeleka kwa bodaboda, mimi nikikaa nyuma na kumshika. Safari ya tatu tuliteleza kwenye tope, akaanguka. Hakuumia sana, lakini tulipomwinua alisema hapandi tena pikipiki, afadhali afie kitandani kwake. Kesho yake baba aliwatenga ng'ombe wa kupeleka mnadani, na mmoja wao alikuwa mtamba wa mama mwenyewe.

Nilitumwa mimi, kwa kuwa nina leseni na niliwahi kuendesha pikapu ya mwenye duka mmoja wa Katesh. Shule niliishia darasa la saba. Kusema mbele za watu kunanishinda. Mtu akiniuliza jambo nalitafuta jibu mpaka mwingine ananijibia. Ndugu zangu hunicheka kwa hilo. Mama hakuwahi kunicheka. Alikuwa ananingoja.

Kabla sijaondoka aliniita.

"Paskali, mimi mambo ya injini siyajui. Uliza neno moja tu. Hilo gari limewahi kubeba maiti? Kama limebeba, liache huko huko."

Kwetu nyumba iliyofiwa hujitenga. Vyombo vyake haviazimwi, na watu wake hawaingii kwa jirani mpaka wazee waseme yamekwisha. Mama alikuwa Mkristo wa kila Jumapili, lakini hilo hakuliacha. Nilimwambia nitauliza.

Saa kumi na mbili asubuhi nilikuwa Katesh, stendi. Mlima Hanang ulikuwa umefunikwa na wingu mpaka kiunoni. Nilipanda basi la kwenda Babati nikashuka Dareda, mahali ambapo njia ya Dongobesh inaacha barabara kuu na kuupanda ukingo wa bonde. Hapo nilipata lori lililobeba saruji. Dereva alinihoji mpaka akajua nilichofuata.

"Basi ukirudi nalo, kuteremka hapa weka gia ndogo," alisema. "Ukikanyaga breki njia nzima mpaka chini, zitaungua, nawe utafika nyumbani kabla ya gari."

Alicheka peke yake. Mimi nilikuwa natazama bonde.

Bashnet kulikuwa na ukungu na baridi. Baada ya hapo mashamba yakafunguka, maharage na mahindi, na watoto waliofunika vichwa kwa mablanketi wakichunga kondoo. Dongobesh nilifika karibu na saa sita. Niliuliza duka la Mzee Hamisi, ambaye ndiye aliyempigia baba simu kwamba kuna gari. Nilimkuta anapima sukari.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Wewe ndiye kijana wa Gendabi? Mbona kimya hivyo, umekuja kununua gari au kuposa?"

Wateja walicheka. Alinipeleka nyuma, kwenye ua wa nyumba ya jirani. Gari lilikuwa dogo, la rangi ya fedha, mlango mmoja umebonyea kidogo. Viti vilikuwa vimevalishwa vitambaa vya kufuma kwa mkono. Nilipowasha, sauti ya mwanamke ilisema maneno ya Kijapani, kwa adabu kabisa, halafu ikanyamaza.

"Huyo amekuja na gari kutoka kwao," alisema Mzee Hamisi. "Hakuna anayejua anasema nini. Marehemu alikuwa akimtania shemeji kwamba ndiye mke wa pili."

Hapo ndipo nilipojua kwamba mwenye gari alikuwa amekufa. Mzee Hamisi alinieleza kuwa marehemu ni mdogo wake, amezikwa mwezi uliopita. Mjane, Mama Zuhura, alikuwa ndani amekaa eda, hatoki nje mpaka siku zake ziishe. Lakini gari ni la watoto wake, kwa hiyo biashara ingefanyika karibu na dirisha lake ili asikie kila neno.

Nilifungua boneti. Nilitazama mafuta, nikatazama maji, nikalala chini kuangalia kama kuna kinachovuja. Niligonga matairi yote manne kwa mguu, nikarudi nikayagonga tena. Swali la mama lilikuwa kooni. Ningeliulizaje chini ya dirisha la mtu aliyefiwa? Nikafunga boneti.

"Kijana," sauti ilisema nyuma ya pazia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Matairi umeyapiga vya kutosha. Hakuna kingine unachotaka kujua?"

Nilipangusa mikono kwenye suruali.

"Watu wawili wa huko kwenu wamekuja kabla yako. Wote waliuliza, na wote wakaondoka. Wewe huulizi?"

"Naogopa kuuliza, mama."

"Basi nakuambia bila kuulizwa, maana hii ni mali ya yatima, haitauzwa kwa kufichwa. Baba Zuhura alifia humo, kiti cha nyuma, kichwa kikiwa mapajani mwangu. Tulikuwa hatujafika hospitali. Tuligeuza tukarudi naye."

Mzee Hamisi aliinama akaanza kuokota kitu chini, na chini hapakuwa na kitu.

"Gari halikuwa na kosa," Mama Zuhura aliendelea. "Lilikimbia kadiri ya nguvu zake. Sisi ndio tulichelewa kutoka. Nani mgonjwa kwenu?"

"Mama yangu. Miguu."

"Basi ukilichukua, mpakie mapema."

Nilijua mama angesema niliache. Lakini siku yake ya hospitali ilikuwa keshokutwa, na gari jingine la kiasi chetu halikuwepo. Nikasema tunalichukua.

Saa tisa nilianza kurudi. Gari lilikuwa jepesi na tiifu. Kuanzia Bashnet nilikuwa natunga maneno ya kumwambia mama. Nilitunga ya ukweli, yakawa marefu. Nilipoteremka ukingo kwa gia ndogo, kama dereva wa lori alivyonielekeza, niliyaacha yale ya ukweli nikabaki na mafupi.

Gendabi nilifika jioni, mbuzi wakiingia. Mama alikuwa ametolewa nje, amekalia kigoda, na mkononi ameshika kibuyu cha maziwa.

"Uliuliza?"

"Niliuliza. Halijabeba."

Alinitazama usoni. Kisha akaomba ashikwe mkono, akasogea, akanyunyiza maziwa kwenye magurudumu, kama alivyowafanyia siku zote ng'ombe wageni. Baba akasema niwashe tena wote wasikie. Nikawasha. Ile sauti ikasema maneno yake.

"Huyu nani?" mama aliuliza.

"Ni gari, mama. Ni Kijapani."

"Anasalimia. Hukumjibu?"

"Sijui anasema nini."

"Kwani salamu mpaka uielewe yote? Marahaba, mwanangu," akaliambia gari, na watoto wakaanguka kwa kucheka.

Tukawa na gari. Kila siku ya hospitali nilimpakia mapema, jua likiwa bado chini. Alikaa nyuma, upande wa mlima, miguu juu ya mto. Nilipowasha alijibu "marahaba" kabla sijaondoa breki. Alipenda nipite taratibu karibu na watu anaowafahamu, ateremshe kioo na kuwasalimu kwa majina. Mara mbili uvimbe ulipungua, tukadhani anapona. Kisha ukarudi na kupanda mpaka tumboni.

Safari ya mwisho tulikuwa wawili tu. Tulikuwa tumeyapita mashamba ya ngano aliponiita.

"Paskali. Aliyefia humu alikuwa nani?"

Nilipunguza mwendo.

"Siku ile ulinijibu haraka," alisema. "Tangu nikuzae hujawahi kunijibu haraka."

"Mbona ulipanda, mama?"

"Ulikuwa umelileta kwa ajili yangu. Ningelikataa, ungenyamaza maisha yako yote. Haya, alikuwa nani?"

Nilitaka kumweleza kila kitu: Baba Zuhura, pazia, vitambaa vya kufuma, lile neno la kuchelewa kutoka. Nilikuwa natafuta pa kuanzia. Yeye alingoja, kama siku zote. Tukafika getini, wauguzi wakaja na kitanda cha magurudumu.

"Nitakueleza tukirudi," nilisema.

"Sawa. Nipo," akajibu.

Walimlaza. Siku ya tatu, asubuhi, alifariki. Mimi nilikuwa nje nachota maji.

Baba alifika mchana na mama mdogo, yaani mdogo wake mama. Baba alisema tukodi pikapu, ili gari libaki safi na siku moja liweze kuuzwa. Alisema kwa uchungu, si kwa ubaya. Wote wakanitazama mimi mwenye funguo. Nilichelewa kujibu, lakini safari hii hakuna aliyenijibia.

"Mama atarudi na gari lake," nilisema.

Tulimlaza kiti cha nyuma, amefungwa shuka na blanketi, kichwa mapajani mwa mama mdogo. Nikawasha. Ile sauti ikasalimia. Hakuna aliyeitikia. Kutoka pale mpaka Gendabi nilimweleza mama yale niliyomwahidi, nikianzia Katesh stendi, neno kwa neno, bila kuruka. Nyuma mama mdogo alikuwa analia polepole. Baba alitazama dirishani mpaka tulipofika.

Wazee waliposema yamekwisha, baba alitafuta mnunuzi. Alikuja mtu mmoja wa Gehandu, mpole, ambaye mkewe alikuwa mjamzito. Alitazama maji, akatazama mafuta, akagonga matairi. Akafungua kinywa, akamwona baba bado ana kitambaa cha msiba, akakifunga. Nilijua kilichokuwa kooni mwake. Nikamwambia kwamba limebeba wawili, nikawataja wote. Alinishukuru, akaondoka kwa miguu. Jioni baba alinisogezea kigoda kando yake.

Watu wameniuliza nilijifunza nini katika safari ile. Nimejifunza kwamba ukweli uliochelewa kwangu, mimi mzito wa kusema, ulimnyima mama maneno aliyoyangoja, na kwamba Mama Zuhura aliweza kuusema akiwa nyuma ya pazia, katika wiki ngumu kuliko zote za maisha yake. Nikipata siku nitapanda tena Dongobesh nimwambie gari lake halikumchelewesha mama hata mara moja.

Kwa sasa gari lipo chini ya paa la mabati, karibu na zizi. Kila asubuhi naliwasha kidogo ili betri isife. Yule mwanamke husema maneno yake kwa adabu, halafu hunyamaza, kana kwamba anangoja.

"Marahaba," namjibu.